Makaburi ya mawe ya kale, ya huku kwetu na ya Ulaya: bila mfalme nani aliwabebesha watu mawe?

KruzaKaskazini (Arusha)

Wakuu habari za jioni, wakubwa shikamooni.

Mi ni dereva wa watalii, mwaka wa kumi na moja huu nakula njia za kaskazini. Nina swali limenikaa kichwani wiki ya pili sasa. Nilikuwa na wageni wawili, mama na binti yake, Wairishi, tunatembea kwa mguu upande wa Ketumbeine na kijana wa Kimaasai wa pale kijijini ndo anatutangulia. Njiani tukapita penye rundo la mawe, kubwa kiasi, linanifika kiunoni, mapana yake kama kruza mbili zimepaki ubavu kwa ubavu, mawe ya chini yamezama kwenye udongo na yana madoa ya kijivu, ya juu bado masafi. Yule kijana hakusema kitu, akainama akaokota jiwe la ukubwa wa ngumi, akaliweka pale juu taratibu, hakulitupa, akaliweka kama mtu anaweka yai, akaendelea na safari.

Yule mama akasimama akauliza nani kalala hapa. Kijana akasema ni laiboni wa zamani, yaani mganga na kiongozi wa mambo ya kiroho wa Kimaasai, anayepita anaongeza jiwe. Basi mama akatoa simu akatuonyesha picha ya kaburi la kwao linaitwa Newgrange, wakuu lile ni kilima kabisa, mita kama 85 kutoka huku mpaka kule, ukiingia unapita njia ya mawe ya mita 19 ndo unafika chumba chenyewe, na limejengwa miaka kama 5,200 iliyopita yaani kabla ya yale mapiramidi makubwa ya Giza. Halafu akaniuliza mimi, na nyie huku mnayo ya zamani hivyo? Waliyajenga watu gani, walikuwa na mfalme?

Nikamjibu ni Wamaasai. Wageni wote miaka yote nimewajibu hivyo. Ila safari hii nilivyomaliza kusema nikaona sijamjibu, maana hata kule kreta ya Ngorongoro kuna marundo ya mawe na nimewahi kusikia kwa wakubwa kazini kwamba yale ni ya kale mno, Wamaasai hawajafika.

Kwa hiyo wakuu naomba mnisaidie. Yale ya kreta ni ya nani? Na hili ndo linaloninyima usingizi, watu wasio na mfalme wala jeshi wala lori, nani aliwaambia waache mifugo yao waende kubeba mawe kwa ajili ya mtu aliyeshakufa? Nawasilisha.

MwalimuPasua (Moshi)

Mkuu ubarikiwe kwa kuuliza, mi nafundisha historia sekondari na hii mada naipenda kupita kiasi kwa hiyo nivumilie nitaandika ndefu.

Hilo la laiboni ni kweli kabisa usiliache. Kwa Wamaasai wa zamani mtu wa kawaida akifa alikuwa anapelekwa porini, ila laiboni au mzee mwenye heshima zake alilazwa kwenye shimo fupi wakafunika kwa mawe, na kila apitaye anaongeza lake. Mwingereza mmoja anaitwa Hollis alishaliandika hilo mwaka 1905, na kijana wako kakufanyia hivyo hivyo mbele ya macho yako.

Sasa twende kreta. Wamaasai kufika Ngorongoro ni juzi tu, ni mambo ya miaka mia mbili na kitu, na kabla yao walikuwepo Wadatoga. Yale marundo ya mawe yaliyochimbwa kule ni ya watu wa nyuma zaidi tena, wafugaji wa enzi ambayo chuma hakijajulikana huku. Enzi ya Mjerumani alichimba mwanajiolojia Hans Reck, huyu huyu wa Olduvai 1913, halafu baadaye akaja Mary Leakey akachimba na yeye, ripoti yake ilitoka 1966. Ndani walikuta watu wamelazwa na mabakuli ya mawe, yaani jiwe limechimbwa katikati likawa bakuli, na shanga za mawe, na vipande vya obsidiani, lile jiwe jeusi la volkano linalokata kama wembe.

Ukitaka kuwaelewa hao watu nenda Luxmanda, kule wilaya ya Babati, si mbali, mabasi ya Singida yanapita maeneo hayo hayo. Pale ni makazi yao ya miaka kama 3,000 iliyopita, ng'ombe, mbuzi, kondoo, mawe ya kusagia. Kuna mtu alizikwa pale, vinasaba vyake vikapimwa, majibu yakatoka 2017, ni mchanganyiko wa damu ya kaskazini mashariki mwa Afrika na ya watu waliokuwa huku tangu mwanzo. Watafiti wengi wanawahusisha hawa na jamaa zetu wa Karatu na Mbulu, Wairaqw, kwa sababu ya lugha. Na kule Njoro, Kenya, kuna pango lilichimbwa 1938, watu karibu 80 wamechomwa moto na kuwekwa mle, na karibu kila mmoja kawekewa bakuli lake la jiwe, jiwe la kusagia na mchi. Vyombo vya jikoni, mkuu. Mtu anasafirishwa na vyombo vyake vya jikoni.

Swali lako la mfalme sasa. Kuna sehemu inaitwa Lothagam, magharibi mwa ziwa Turkana. Miaka kati ya 5,000 na 4,300 iliyopita ziwa lile lilikuwa linakauka kwa kasi, mvua zimepungua, watu ndo kwanza wameanza kufuga, kila mtu anahangaika. Wakati huo huo wa shida ndo wakajenga. Walichimba mchanga wa ufukweni mpaka wakagonga mwamba, wakazungushia jukwaa la mawe la mita kama 30 upana, na mle katikati wakazika watu vizazi kwa vizazi mpaka pakajaa, wanakadiria angalau 580. Palipojaa wakapafunika kwa mawe na kusimamisha nguzo za basalti juu, wakaondoka.

Kilichowashangaza wachimbaji, timu ya Elisabeth Hildebrand, walitangaza 2018, ni kwamba hakuna kaburi la bosi. Mtoto mchanga, bibi, kijana, mwanaume, mwanamke, wote wako pamoja, na karibu kila mmoja ana urembo wake, shanga za mawe ya kijani na ya waridi, maganda ya mayai ya mbuni, pete za meno ya kiboko. Mmoja alikuwa na kitu kichwani kimeshonwa kwa meno ya panya wadogo wa jangwani zaidi ya 400, yametoka kwa panya wasiopungua 113. Hebu fikiria kuwakamata panya 113, kutoa meno, kuyapanga. Na mfalme hakuonekana popote. Kwa hiyo jibu langu mimi, ndiyo, inawezekana kabisa bila mfalme. Walifanyaje, hapo nawaachia wengine.

LengaiView

Mwalimu umetisha. Nafuatilia.

FundiSakina (Arusha)

Mi nina mashaka na hilo la bila bosi, niseme kama fundi maana ni mwaka wa ishirini napanga mawe, mawe ya kuchonga haya ya ukuta na msingi.

Kubeba mawe ukayarundika kila mtu anaweza. Ila hilo la Ireland aliloonyeshwa dereva siyo rundo. Nimekaa na mwanangu tumelitafuta kwenye simu usiku mzima. Kile chumba cha ndani paa lake ni mawe matupu, hakuna udongo wa kushikilia, kila mstari wa mawe umetokeza ndani kidogo kuliko wa chini yake, unazunguka unapanda unazidi kubana mpaka juu mita kama 6 linakuja jiwe moja linafunga. Ukikosea uzito wa nyuma hata mstari mmoja lote linakuangukia kichwani. Na paa la ile njia ya kuingilia, mawe yake wameyachonga vifereji kwa juu ili maji ya mvua yakimbilie pembeni, na kwenye maungio wamekandika udongo uliochomwa na mchanga wa baharini. Miaka 5,000 mvua ya Ulaya inanyesha na ndani pakavu! Mi nimejenga nyumba ya mtu hapa mjini mwaka juzi, zege na nondo na kila kitu, msimu wa kwanza wa masika ikavuja, niliumia sana nilirudi kuitengeneza kwa hela yangu.

Pembeni kuna mawe makubwa 97 yamelizunguka, na yale meupe ya mbele yametoka milima ya Wicklow, ni mbali karibu kama Moshi na Arusha. Juu ya mlango wameacha dirisha dogo, na karibu na tarehe 21 Desemba, siku fupi kuliko zote kwao, jua likichomoza mwanga unaingia pale unatambaa mpaka chumbani, dakika 17 hivi, basi mpaka mwakani. Profesa O'Kelly aliyekuwa analichimba alijifungia mle ndani alfajiri mwaka 1967 akaona kwa macho yake.

Kitu kama hicho kina fundi mkuu aliyeshika ramani kichwani na kina mtu mwenye amri ya kulisha watu. Na tena 2020 walipima vinasaba vya mwanaume aliyezikwa mle, wakakuta wazazi wake ni ndugu wa damu kabisa, ama kaka na dada ama mzazi na mtoto wake. Wanasema jamii zinazoruhusu hivyo kwa kawaida ni za wafalme wanaojiona miungu, kama mafarao. Mwalimu hapo unasemaje?

BabuUru (Moshi)

Wanangu hamjambo. Nimesomewa na mjukuu na yeye ndiye anayeandika, mimi nasema.

Fundi umeuliza nani alilisha watu. Mimi nimezaliwa Uru, nimekulia kwenye mfongo. Vijana wa mjini hamjui mfongo ni nini, ni mfereji wa maji, unatoka juu msituni kwenye mto unashuka unapita vihamba vya watu, yaani mashamba ya nyumbani, mwingine unakwenda mwendo wa masaa, unapita kwenye jabali, unapita juu ya korongo kwenye magogo yaliyochimbwa. Hiyo mifongo iko mlima mzima, na wazee wetu waliichimba hawana hata sululu ya chuma nzuri. Mangi, chifu wetu Wachagga, alikuwepo sawa, lakini mfongo ni wa ukoo uliouchimba, una mwenyewe, na siku ya msaragambo, kazi ya pamoja, ikitangazwa hakuna askari anayekuja kukutoa nyumbani. Pembe inapigwa unakwenda. Usipokwenda unatozwa mbege, pombe yetu ya ndizi, na usipotoa mbege maji yakifika kwako yanazibwa. Ukiwa mtoto unabeba vijiti, ukikua unapewa jembe, ukizeeka unakaa pembeni unaelekeza jiwe liende wapi, na kila mtu anakusikiliza kwa sababu unakumbuka mwaka ule ukingo ulipobomoka ulibomokea wapi. Fundi huyo mkuu unayemtafuta ndiye huyo mzee wa pembeni.

Na mbege haipikwi siku moja. Ndizi zinaiva kwanza, zinapikwa, zinalala, ulezi unaoteshwa unasagwa, ni wiki nzima na zaidi ya kina mama kabla mwanaume hajashika jembe. Kwa hiyo ukiuliza nani aliwabebesha mawe, uliza kwanza nani alipika.

Jambo la pili. Huku kwetu Desemba watu wanarudi kutoka Dar, Mwanza, Nairobi, mpaka Ulaya, wanasema tunakwenda kuhesabiwa. Watu wanalichekea neno hilo mimi silichekei. Mtu anafika kihambani, kabla hajala anakwenda kwenye kaburi la baba yake anang'oa majani. Zamani haikuwa kaburi la sementi na marumaru kama sasa. Bibi yangu alinisimulia mtu alizikwa, baada ya muda mifupa ilitolewa ikapelekwa kwenye masale, ule mmea wetu wa heshima, pale shambani, na ndiyo maana mpaka leo mtu hakati masale ovyo. Kihamba chenye masale ya babu yako hakuna wa kukuondoa.

Huyo mtoto wa Turkana na shanga zake, huyo mwenye meno ya panya, mimi nawaona kama watu waliokwenda kuhesabiwa. Mvua imepungua, kila mtu yuko na mbuzi wake mbali huko, lakini kuna mahali pamoja ambapo wote wanajua tutakutana, na aliyekufa akiwa mbali ataletwa. Amri ya mfalme inahitajika kweli kwa hilo?

MwalimuPasua (Moshi)

Mzee shikamoo, na mjukuu asante kwa kutuandikia. Nimesoma mara tatu.

Fundi, hilo la 2020 ni kweli na siwezi kulipinga, tena kuna hadithi ya kale ya hapo hapo jirani na Newgrange, iliandikwa zama za kati, kwamba mfalme alilala na dada yake wakati kilima kinajengwa, mpaka jina la zamani la kilima kile linahusu hiyo dhambi. Watafiti wenyewe walishtuka. Ila angalia tarehe. Newgrange ni karibu 3200 KK, wakati huo Ulaya walikuwa wanajenga makaburi ya mawe zaidi ya miaka 1,000 tayari, Barnenez kule Ufaransa limeanza mapema sana, karibu miaka 6,800 iliyopita, mita 72 urefu na vyumba 11 ndani. Kwa hiyo mi naona hata kama Ireland walifika mahali wakawa na watu wanaojiona miungu, kazi yenyewe ya kupanga mawe walikuwa wameshajifunza kwa njia ya msaragambo vizazi na vizazi nyuma yake.

Na kuhusu nguvu, mwaka 1979 kule Bougon, Ufaransa, walijaribu kuvuta jiwe la tani 32 kwa kamba na magogo, wakatosha watu 200 hivi. Mia mbili ni watu wa harusi moja ya huku. Kwenye kisiwa cha Sumba, Indonesia, wameendelea kuvuta mawe ya kaburi kwa mikono mpaka zama zetu hizi, na mwenye msiba ndo anachinja nguruwe na nyati kulisha wavutaji, wakati mwingine anaishiwa kabisa. Mzee kasema nani alipika, ni hilo hilo.

FundiSakina (Arusha)

Hapo kwa mzee wa pembeni nimekubali. Hata mimi aliyenifundisha hakuwa bosi wa mtu, alikuwa anakaa juu ya debe anasema geuza, geuza, hilo uso wake uko huku.

Ila bado nasema lile paa lina mtu mmoja aliyelala nalo kichwani miezi mingi. Sisemi mfalme. Nasema fundi, na ningetamani nimjue jina.

MamaNdeshi (Rombo)

Jamani habari za saa hizi. Mi ni nesi, nimezaliwa Meru, Arusha, nimeolewa Rombo, nachangia usiku baada ya zamu.

Mmeongelea mfalme mmeongelea fundi, kuna kaburi moja hamjalitaja na mimi ndo lililonitoa machozi. Liko Uingereza, Gloucestershire, linaitwa Hazleton North, la miaka kama 5,700 iliyopita. Lilichimbwa miaka ya 1979 mpaka 1982, lakini vinasaba vimekuja kupimwa juzi juzi, watu 35, na 27 kati yao wakaonekana ni ukoo mmoja, vizazi vitano. Wengi wao wanatoka kwa mwanaume mmoja na wanawake wanne. Sikilizeni sasa. Kaburi lina vyumba viwili, cha kaskazini na cha kusini. Watoto na wajukuu wa wanawake wawili wamezikwa upande mmoja, wa wale wengine wawili upande mwingine. Miaka 5,700 na watu bado wamepangwa kwa mama zao! Mtu yeyote aliyekulia kwenye boma la mama mkubwa na mama mdogo anaelewa hiyo bila kufundishwa. Baba ni mmoja lakini ukiulizwa wewe wa nani unataja nyumba ya mama.

Mle ndani kuna na watoto ambao mama yao yumo kwenye ukoo ila baba yao siyo damu ya pale, yaani mwanamke alikuja na mtoto au alimpata kwa mwanaume mwingine, na yule mtoto akakubaliwa, akazikwa kama wa nyumbani. Nilipofika hapo nikaweka simu chini kwanza.

Ila mabinti wa ukoo waliokua hawapo. Watoto wa kike waliokufa wadogo wamo, waliokua hawaonekani, wanaume wamezikwa na baba zao na kaka zao. Wanasema labda waliolewa wakazikwa huko kwa waume zao. Mi hapo ndo najiona. Baba yangu yuko Meru, kaburi lake liko chini ya parachichi, nikifika namwagia maji maua basi naondoka. Kwangu itakuwa huku Rombo, kwenye kihamba cha mume wangu, nimeshaonyeshwa mpaka mahali. Nimekubali, watoto wangu wako huku. Lakini Babu umesema kaburi ndo hati ya shamba, na ni kweli, na kwa hati hiyo hiyo mimi nimetolewa sehemu moja nikaandikwa nyingine, na sikuulizwa. Hao mabinti wa Hazleton na wao sijui kama waliulizwa. Wakati mnajibu wageni msisahau kusema na hilo.

BabuUru (Moshi)

Mwanangu nimekusikia. Mama yangu na yeye alitoka Kibosho, na kila mwisho wa mwaka alikuwa anafunga mzigo wa ndizi anakwenda kwao siku mbili, baba hakuwahi kumzuia. Sikuwahi kumuuliza alikuwa anakwenda kufanya nini kule. Nilikuwa najua tu anakwenda.

LengaiView

Naomba na mimi niseme la kwetu, nimezaliwa upande wa Longido.

Haya marundo yanaisha wakuu. Kuna watu wamejijaza kwamba kila penye mawe yamepangwa Mjerumani alificha rupia na dhahabu wakati wa vita ya kwanza. Wanakuja usiku na mashine ya kutafuta madini, sululu, wengine na mganga kabisa. Karibu na boma letu kulikuwa na marundo matatu mstari mmoja, sisi tangu watoto tunayaongezea mawe tukipita na mbuzi. Asubuhi moja tunaamka moja limefumuliwa, shimo linanifika kifuani, mawe yametupwa kila upande. Pembeni wameacha mifupa, taya na mkono, na shanga ndogo ndogo zimekanyagwa kwenye udongo. Hela hawakukuta na hawangekuta, Mjerumani kafika huku huyo mtu kalala labda miaka elfu mbili. Baba yangu alirudisha mifupa kwa mikono yake, akafunika, akakaa pale mpaka jioni hataki chai.

La pili lilichukuliwa na mkandarasi mmoja wa barabara, lori lilipakia mawe kama vile yameokotwa njiani, tulipoenda kulalamika tukaambiwa mawe ni mawe.

MwalimuPasua (Moshi)

Pole sana ndugu yangu. Barnenez ile niliyoitaja nayo iliponea chupu chupu, miaka ya 1950 mkandarasi wa barabara alikuwa anachota mawe pale kama machimbo, kaburi dogo la jirani akalimaliza, akaanza hilo kubwa mpaka vyumba vikafunguka wazi ndo watu wakapiga kelele akasimamishwa. Sheria yetu ya Mambo ya Kale ipo tangu 1964, kuchimba au kuhamisha vitu kama hivyo bila kibali ni kosa. Hilo lililobaki piga picha pande zote nne, weka fimbo pembeni ionyeshe ukubwa, chukua alama ya GPS kwenye simu, mpelekee mtendaji wa kijiji kwa maandishi na nakala ofisi ya utamaduni ya halmashauri. Usiiweke hapa mtandaoni mahali penyewe ni wapi.

LengaiView

Nimekuelewa mwalimu. Jumatatu naenda.

KruzaKaskazini (Arusha)

Wakuu sina la kusema zaidi ya asante, nimeandika mengi kwenye daftari la gari.

Leo nilikuwa na wageni kreta, Wafaransa wanne. Nikasimamisha gari wakati wa chakula nikawaambia kuhusu watu wa mabakuli ya mawe, wafugaji waliokuja kabla ya chuma, kabla ya Wadatoga, kabla ya Wamaasai, na nikawaambia kuhusu Turkana na wale panya 113. Mmoja akaniuliza swali lile lile, mfalme wao alikuwa nani. Nikamwambia nilichokisoma kwa Babu, kuhusu mfongo na wiki nzima ya kupika mbege, na nikamwambia na la mabinti ambao hawapo, Mama Ndeshi sijalisahau. Walikaa kimya muda. Halafu dada mmoja akasema kwao kijijini kuna jiwe kubwa kwenye shamba la bibi yake, wamekuwa wakicheza juu yake utoto wote na hajawahi kuuliza ni la nani.

Babu naomba niulize, hiyo msaragambo ya mfongo bado mnafanya? Mi ni Mwarusha, kwetu sijawahi kuiona, ningependa nije siku moja nisaidie, kama inaruhusiwa mtu wa nje.

BabuUru (Moshi)

Tunafanya kabla ya masika, Jumamosi. Wanakuja wachache siku hizi, wengi wazee. Mjukuu atakutumia ujumbe. Njoo na buti, panateleza, jembe tutakupa. Mama watoto atakupikia.